Muhula wa Moto Mkuu

6 Mei

Mvua imenikuta nje bila mwavuli. Nilijibanza ukutani kwa bweni, na humo ndani wasichana wawili wa kidato cha tatu wakawa wanasalimiana. Mmoja alisema, "Jivu njema." Mwenzake akajibu, "Na kesho Moto." Wakacheka kile kicheko cha watu wenye jambo lao.

Kwanza nilikasirikia ngeli. Jivu jema, si jivu njema. Hayo nimewafundisha mimi mwenyewe. Baadaye, nikiwa nakunywa chai, ndipo nilipojiuliza: jivu la nini? Na moto wa nini kesho?

7 Mei

Hakuna moto uliowaka. Parachichi zangu mbili zimetoweka mtini. Namshuku mke wa mlinzi.

13 Mei

Ukaguzi wa bweni; mimi ndiye mlezi. Kwenye chuma cha kitanda cha Sheila Njiru nimeona nyuzi za sufu zimefungwa mafundo, rangi mbalimbali, zimepangwa kama mtu anayehesabu. Sheila ni yule msichana mrefu kutoka Kiritiri, wa maneno machache, anayeandika insha hadi nasahau kushika kalamu nyekundu. Nilimuuliza hizi ni nini.

"Ni mapambo, Mwalimu."

Mapambo gani yanaongezwa fundo kila asubuhi? Jana nilipita pale, leo nimepita, na fundo limeongezeka. Mwanatatu, rafiki yake wa kitanda cha chini, naye anazo. Na wengine pia, upande wa dirishani. Nimewaacha nazo. Mtu akijua umemwona, anaficha.

21 Mei

Nimemwita Mwanatatu anisaidie kubeba vitabu. Baba yake ni mchinjaji pale Makutano, na mtoto mwenyewe hawezi kunyamaza hata akiwa na pipi mdomoni. Tulipofika katikati ya uwanja nikamuuliza kama mtu aliyesahau tu, "Hivi leo ni siku gani?"

"Kisu," akasema.

Akasimama. Akafunika mdomo. "Jumatano, Mwalimu. Nilimaanisha Jumatano."

"Kisu ni nini, Mwanatatu?"

"Haki ya Mungu, si kitu, Mwalimu. Ni vile tunaongea tu."

Alivibeba vile vitabu vilivyobaki akiangalia chini, na mlangoni hakuniaga.

25 Mei

Jumapili. Badala ya kusikiliza mahubiri nimekuwa nikiitazama safu ya kidato cha tatu. Kutokana na yale ninayoyaokota mabafuni na kwenye foleni ya uji, nimeunganisha hivi: Jiwe, Kisu, Maji, Kimya, Jivu, Moto. Kisha wanaanza upya. Ni wiki, lakini ya siku sita. Wiki isiyo na Jumapili! Mtoto aliyelelewa kanisani, na mwenzake wa msikitini, wamekaa pamoja wakatunga wiki isiyo na siku ya Mungu, iwe ya kanisa au ya msikiti. Ni nani aliyewafundisha?

2 Juni

Ukungu umeshuka mpaka milangoni, mtaa wote wa Kaaga hauonekani. Nilikuwa nyuma ya shuka zilizoanikwa. Sheila na Mwanatatu walikuwa upande wa pili wakikamua sweta.

Sheila alisema, "Mwezi wa Ukungu ukiisha, ni Moto Mkuu. Siku hiyo kila mtu lazima awe bwenini. Hakuna kubaki nje."

"Na walimu?" Mwanatatu akauliza.

"Walimu hawataona kitu."

Nayaandika maneno haya kama nilivyoyasikia, bila kuongeza hata nukta. Nilibaki pale nimeshika pindo la shuka ya mtu hadi walipoondoka. Nilipoiachia, ilikuwa na alama za vidole vyangu.

3 Juni

Nimemwambia Bwana Kathuri, naibu wa mkuu wa shule. Nilidhani ataniona mwanamke wa kusikiliza maneno kwenye nguo za watu. Hakucheka. Alifunga mlango wa ofisi, akanisikiliza akiwa amesimama.

"Moto Mkuu. Walisema hivyo?"

"Hivyo hivyo, Naibu."

"Na kila mtu awe ndani."

"Ndiyo."

Alikaa. Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. "Madam Regina, usimwambie mtu. Hata mtu wa nyumbani kwako. Wewe endelea kuwatazama, mimi nitapanga."

Nimetoka pale nikijisikia mwepesi, kama mtu aliyetua mzigo. Sasa ni wa mwingine.

4 Juni

Mvua. Kitanda cha Sheila kimeongezwa uzi mwekundu.

10 Juni

Wamegundua natazama. Nikiingia, mazungumzo yanakatika kama redio iliyozimwa. Mwanatatu ananiamkia kwa adabu nyingi mno.

17 Juni

Leo ndiyo siku aliyoipanga Bwana Kathuri. Wasichana walipelekwa uwanjani wakati wa masomo, na Bwana Kathuri, mlinzi na mimi tukaingia bwenini. Tulipekua magodoro, viatu, mifuko ya unga wa uji. Hakuna cha maana. Kisha Bwana Kathuri akafungua sanduku la Sheila.

Ndani ya kifuniko, kwenye bati, palikuwa na duara kubwa lililochorwa kwa rangi ya kucha, nyekundu. Limekatwa vipande kama chapati, na kila kipande kina jina: Mwezi wa Ukungu, Mwezi wa Mizizi, Mwezi wa Mbuzi Weupe, Mwezi Usiotajwa. Vipande havilingani. Kingine ni chembamba kama uzi, kingine kimekula robo ya duara. Na pale Ukungu unapoishia, mwali wa moto umechorwa kwa ustadi hadi unadhani ungekuunguza.

Mlinzi alirudi nyuma, akatamka jina la Yesu.

Chini ya nguo palikuwa na kichupa cha maji meupe. Bwana Kathuri akakifungua, akanusa, akakitenga mbali na uso. "Petroli," akasema.

Akanipa mimi. Nikanusa.

Sheila aliitwa. Alipoona kifuniko kikiwa wazi, aliangalia lile duara kwanza, kama mzazi anayemtazama mtoto kama ameumizwa, ndipo akatuangalia sisi.

"Hii ni nini?" Bwana Kathuri akauliza.

"Ni kalenda, Mwalimu. Ya nchi ya Ndirimo."

"Iko wapi nchi hiyo?"

"Haiko. Ni hadithi yangu. Watu wa Ndirimo wanaishi chini ya mlima unaoficha jua, kwa hivyo hawawezi kuhesabu siku kama sisi. Mwezi kwao unaisha wakati kitu chake kimeisha. Ukungu ukitoka, mwezi umeisha. Mizizi ikichimbwa yote, mwezi umeisha."

"Na huu moto?"

"Hiyo ni ya wenye hadithi, Mwalimu. Tuliahidiana."

"Na hii petroli pia ni ya wenye hadithi?"

Sheila akaangalia kichupa. Kisha akaniangalia mimi, si Bwana Kathuri. "Mwalimu Regina," akasema, "wewe unaijua hiyo harufu."

Naijua. Ni dawa ya kutoa rangi ya kucha. Ninayo kama hiyo kabatini, naitumia Jumamosi, na wasichana wote wameniona nimekaa kibarazani na pamba. Ningesema neno moja tu. Lakini rangi yenyewe imekatazwa shuleni, na mimi ndiye niliyeleta habari ya moto, na Bwana Kathuri alikuwa ameshasema petroli mbele ya mlinzi. Kichupa kikiwa si kitu, na mimi nitakuwa nani? Nilisema, "Tusubiri mzazi."

Hilo ndilo nililosema. Tusubiri mzazi.

18 Juni

Mama yake Sheila amekuja, Wambura, mwanamke mwembamba mwenye leso ya kichwa iliyofifia. Amesafiri kutoka Kiritiri tangu alfajiri na hakutaka chai.

"Mtoto wangu amechoma nini?"

"Bado hajachoma, mama," Bwana Kathuri alimwambia. "Tumemzuia."

"Sasa anatumwa nyumbani kwa kitu hajafanya?"

"Tunalinda maisha ya watoto mia kadhaa."

"Na yangu ni mmoja wa hao, ama?"

Bwana Kathuri akatufungulia mlango. Wasichana walikuwa wamepangwa gwarideni. Bwana Kathuri aliwatangazia kwamba njama ya kuteketeza bweni imegunduliwa kwa macho ya mlezi wao, Madam Regina. Wachache walipiga makofi. Sheila alibeba sanduku lake mwenyewe, mama yake akabeba godoro.

19 Juni

Nimelala vibaya. Naendelea kujiambia: kichupa si petroli, sawa, lakini maneno ya kwenye shuka niliyasikia. Walimu hawataona kitu. Hayo sikuyatunga.

30 Juni

Wamerudi kutoka mapumziko ya katikati ya muhula. Nyuzi zote zimeondolewa vitandani. Hakuna anayesema Jiwe wala Jivu. Ningepaswa kufurahi. Mwanatatu haniamkii kabisa, na nilipomwita alisimama mbali, mikono nyuma, kama mtu aliyeletwa polisi.

Nilidhani bweni likitulia nami nitatulia. Sasa nashuku utulivu wenyewe.

3 Julai

Baridi ya kukata masikio. Nilikuwa nikizunguka nyuma ya bweni kutafuta mahali wanapoweza kuficha vitu, nikaona mlango wa nyuma, ule wa dharura, umefungwa kwa kufuli kubwa lililoshika kutu. Nilimfuata Bwana Kathuri.

"Naibu, ule mlango umefungwa tangu lini?"

"Tangu mwaka jana. Walikuwa wanatoroka kwenda kununua chipsi."

"Na ufunguo?"

"Uko mahali. Madam, mbona unauliza?"

"Kama tunaogopa moto..."

Alinikatiza. "Usinifundishe kuogopa moto. Kabla ya hapa nilikuwa shule nyingine, sitaitaja. Bweni liliungua. Asubuhi ni mimi niliyetumwa kuzoa viatu. Unajua jinsi viatu vya watoto vinavyokuwa vidogo vikiungua?" Akatia mikono mifukoni. "Wanaochoma wanatoka nje kwanza, halafu wanawasha. Mlango mmoja ni rahisi kulinda kuliko miwili. Nimemtoa yule msichana. Tumemaliza."

Nilimwonea huruma. Nikaondoka. Lakini kwa mara ya kwanza muhula huu, mtu niliyekuwa nikimfikiria njiani hakuwa Sheila.

6 Julai

Taa za bweni zinazimika na kuwaka. Wasichana wanasema dari inanuka. Nimemwambia Bwana Kathuri, amesema ni njia ya kukwepa masomo ya jioni.

9 Julai

Bweni limeungua.

Naandika mkono ukiwa umefungwa bendeji, kwa hivyo herufi ni mbaya. Ilikuwa jioni, wasichana wakiwa wamekaa bwaloni kula. Mimi nilikuwa jikoni nikibishana na mpishi kuhusu maharagwe. Nilisikia kishindo kidogo, kama mtu ameangusha debe, kisha kelele. Tulipotoka, moshi ulikuwa ukimiminika kutoka chini ya mabati, upande wa mlango wa mbele.

Tukahesabu. Mwanatatu hakuwepo. Nikakumbuka kwamba mchana nilimpa ruhusa alale, alikuwa na homa.

Mlango wa mbele ulikuwa moshi mtupu. Nilikimbilia nyuma. Nilimsikia akigonga, si kwa fujo, bali polepole, kama mtu anayebisha hodi kwa jirani. "Mwalimu," akasema. "Mwalimu, huku hakufunguki."

Bwana Kathuri alikuja akikimbia na shada la funguo. Alijaribu mmoja, akajaribu mwingine, zikamwanguka, akaziokota, akajaribu tena. Alikuwa akilia kwa sauti, bila kujua. Mlinzi akaleta mtarimbo. Tukaugandamiza sote watatu kwenye bawaba, na nikaweka mkono pale ambapo bati lilikuwa limeshika joto. Mlango ukaachia. Mwanatatu akatoka akitambaa, kichwa kimefunikwa kwa blanketi alilolilowesha kwenye ndoo ya maji ya kunywa.

Yuko hai. Amepelekwa hospitali. Amevuta moshi mwingi, lakini yuko hai. Wasichana wengine wote wako salama.

10 Julai

Maafisa wa zimamoto wamepanda kwenye mabaki ya dari. Mmoja ametuonyesha waya uliotafunwa na panya, ukaungana na mwingine. Amesema moto ulianzia huko juu, ndani ya dari, mahali ambapo hakuna mtu anayefika.

Hata hivyo, mchana Bwana Kathuri aliniita. Macho yake yalikuwa mekundu. Meza ilikuwa na karatasi.

"Bodi inakutana kesho. Wazazi wanataka jina."

"Afisa amesema ni waya."

"Waya ni waya. Lakini yule Mwanatatu alikuwa ndani peke yake. Rafiki wa Sheila. Na wewe mwenyewe uliwasikia wakipanga Moto Mkuu, Madam. Ni maneno yako. Mimi nimeyaandika tu, wewe utie sahihi."

Niliyasoma. Yalikuwa yangu kweli. Yamepangwa vizuri, kuliko nilivyoyasema.

"Alikuwa akifa mle ndani, Naibu. Tulimsikia sote."

"Nilimsikia," akasema. "Nimemsikia usiku kucha. Ndiyo maana nataka iwe na sababu nyingine, si kufuli."

Sikutia sahihi. Nilimwambia nitafikiria. Nikaenda hospitali moja kwa moja.

Mwanatatu alikuwa ameketi kitandani, sauti imekwaruza. Mama yake, Halimah, alikuwa akimlisha uji kwa kijiko. Nilimwomba ruhusa, akanipa kiti lakini hakutabasamu.

"Mwanatatu," nikasema, "Moto Mkuu ni nini? Usiponiambia nitaelewa."

Alimwangalia mama yake. Mama akatikisa kichwa kukubali.

"Ni siku ya mwisho ya mwaka wa Ndirimo. Kila mtu anakaa ndani, kwa sababu nje bado kuna giza la mlima, na kila mmoja anasema kitu kilichomwogopesha. Akishasema, kimeungua. Ndiyo hivyo tu. Hakuna kiberiti."

"Na walimu hawataona kitu?"

"Kwani kuna kitu cha kuona, Mwalimu? Ni watu wameketi." Akakohoa. "Na ni siku njema, Mwalimu. Siku. Ndiyo maana tunasema Jivu njema. Sheila alisema utaikosoa kwanza, halafu utaelewa."

"Mbona mlitunga wiki ya siku sita?"

"Ile ya siku saba ina kengele nyingi. Ya kuamka, ya uji, ya gwaride, ya kulala. Sheila alisema tutengeneze siku ambazo kengele hazizijui."

Nimekaa pale nikitazama ule uji. Kuanzia Mei nimekuwa nikitega masikio nyuma ya kuta na shuka, na kwa muda wote huo ningeweza kuvuta kiti nikauliza.

11 Julai

Bodi. Nimesema. Nimesema kichupa kilikuwa dawa ya kucha, na nilijua siku ile ile. Nimesema kuhusu kufuli, na kwamba niliuliza kisha nikanyamaza. Nimesema kuhusu dari iliyokuwa ikinuka.

Mzazi mmoja, mzee anayeitwa Koome, aliniuliza, "Mwalimu, kwa nini ulinyamaza kuhusu kichupa?"

"Kwa sababu nilitaka niwe nimeona sawa."

Nilidhani Bwana Kathuri atakana. Alisimama, akasema, "Madam amesema ukweli. Ufunguo nilikuwa sijui uko wapi." Akaketi. Wamempa likizo ya lazima. Mimi nimepewa barua ya onyo na nimeondolewa ulezi wa bweni. Sikuteta.

12 Julai

Kabla ya kuondoka, Bwana Kathuri amezunguka mabweni yote na msumeno wa chuma. Amekata kila kufuli la nyuma kwa mikono yake, bila kuomba msaada. Nimemsikia asubuhi nzima.

17 Julai

Kiritiri. Kule kwetu baridi, huku vumbi na jua la kuchoma kisogo. Nilimkuta Sheila uani akipiga ndengu kwa fimbo, maganda yakimrukia kwenye nywele. Aliponiona aliendelea kupiga.

Mama yake alinipa kigoda. Nilimweleza yote: waya, kufuli, kichupa, bodi. Nilisema shule inamtaka Sheila arudi, na nimekuja kuomba msamaha.

Wambura alisikiliza akichambua ndengu kwenye ungo. "Hapa tuko watatu na mbuzi," akasema. "Unaomba msamaha hapa kwa mbuzi?"

"Mama..."

"Ngoja, Mwalimu. Siku ile mtoto wangu alisimamishwa mbele ya shule nzima, wakakupigia wewe makofi. Mimi nilikuwa hapo na godoro kwa kichwa. Ulimsema mbele ya watu. Utamtoa lawamani mbele ya watu. Hapo ndio atarudi."

"Nitafanya."

"Utasema na jina lako?"

"Nitasema."

Sheila aliacha kupiga. "Mwanatatu anapumua vizuri?" akauliza.

Lilikuwa swali lake pekee.

22 Julai

Gwarideni. Wambura alisimama karibu na mlingoti, mikono imekunjwa. Mkuu wa shule alinipa nafasi. Nilikuwa nimeandaa hotuba, nikaiacha mfukoni.

Nilisema, "Mimi, Regina, nilimshuku Sheila Njiru kwa kitu ambacho hakukifanya wala kukipanga. Nilipopata nafasi ya kumtetea nilinyamaza, ili nisionekane mjinga. Kalenda yake ni kazi ya akili, na ingekuwa darasani kwangu ningeipa alama zote. Moto uliletwa na waya. Mwanatatu nusura afe kwa sababu ya mlango ambao sisi wakubwa tuliufunga. Sheila, nisamehe."

Hakuna aliyepiga makofi. Tukasikia lori likipanda mlima kwenda mjini. Wambura alikunjua mikono, akachukua sanduku, akampa binti yake. Basi.

24 Julai

Sheila amekuja kwangu mchana. Alisimama mlangoni, hakuingia ingawa nilimkaribisha.

"Mwalimu, nimekusamehe. Mama alisema nikuambie mwenyewe, lakini hata mimi nilitaka."

"Asante, Sheila."

"Lakini hadithi zangu sitakuonyesha tena. Insha nitaandika, kwa sababu ni mtihani. Zile zingine, hapana."

Nilitaka kumwambia kwamba muda utabadilisha hilo. Niliona uso wake, nikaona si wangu kusema.

"Ni haki yako," nikamwambia.

Aliinamisha kichwa kwa adabu, akashuka ngazi. Wenzake walikuwa wakimsubiri kwenye nyasi, Mwanatatu akiwa katikati na skafu shingoni. Walimpisha akaketi. Akaanza kuongea, mikono ikichora kitu hewani, na wote wakamwinamia. Nilikuwa naweza kusikia kama ningesogea dirishani.

Nilifunga dirisha.